Kuchimba ng'ambo maana yake nini?

Sisi watu wa Kasese, magharibi mwa Uganda, ukitaja ng'ambo mtu anafikiria Kongo, unavuka mpaka pale Mpondwe unanunua kitenge unarudi. Siyo hiyo. Ng'ambo hii ni ya hadithi, ni neno la ulimwengu wa kubuni tunaoutunga na wenzangu jioni tukila kikomando (chapati na maharage), na kwa vile kila anayejiunga anauliza swali lile lile acha niliandike mara moja liishe.

Kuchimba ng'ambo ni kuvuka kwa leseni kuingia dunia nyingine inayokwenda sambamba na hii yetu, kuchimba kule madini ambayo huku yalishachimbwa, halafu kurudi. Watu wote wanashangilia hapo kwenye kuvuka, kumbe uzito uko kwenye leseni na kurudi.

Dunia sambamba hatukuitoa kichwani. Kuna Mmarekani anaitwa Hugh Everett, mwaka 1957 aliandika kwamba chembe ndogo kabisa ikiwa na njia mbili za kwenda basi inakwenda zote mbili, dunia inagawanyika matawi kama mti, na wewe uko kwenye kila tawi ukidhani uko peke yako. Ila kwa hesabu zake matawi yakishaachana ndio basi, hakuna mlango. Sisi mlango tumeuweka kwa makusudi, mwalimu wa fizikia akisoma atusamehe tu.

Sasa kwa nini mtu avuke? Chukua Kilembe. Mgodi wa shaba ulianza 1956, mwaka ule ule reli ilipofika Kasese, shaba ikawa inapelekwa Jinja kuyeyushwa, 1982 ukafungwa na mlima ukabaki na mashimo. Halafu fikiria tawi ambalo reli haikufika kabisa. Mlima ni ule ule, mto Nyamwamba ni ule ule, lakini shaba yote bado imelala mle ndani haijaguswa na sululu. Na wewe huhitaji kutafuta chochote, maana ramani unayo tayari, wazee wako walishachimba mlima huo huo, unajua mkanda wa shaba unaanzia wapi na unakatia kona wapi. Ni kama kufanya mtihani ambao majibu umeshayaona.

Hatari zenyewe sasa. Ya mwamba kuanguka ni ya mgodi wowote, naipita. Ile mbaya ni ya kurudi. Matawi hayasubiri, yanazidi kugawanyika wewe ukiwa kule unajaza karai, ndio maana leseni inakupa saa sita tu, ukizidisha unaweza kurudi kwenye Kasese ambayo siyo yako ila inafanana nayo mno. Kwenye hadithi yetu kuna kijana alikaa saa tisa. Karudi, mji ni ule ule, mama yake kamuwekea chakula, jina lake wanalijua, mpaka deni lake la dukani lipo. Ila mbwa wa nyumbani alimbwekea usiku kucha, na asubuhi akakuta kovu la mama yake liko mkono wa kushoto. Hakuna aliyemwamini, na yeye mwenyewe baada ya wiki mbili akaacha kusema.

Halafu kuna mabaki. Huku kwetu tunajua, mabaki ya mgodi yalirundikwa karibu na mto, na Nyamwamba ikifurika kama 2013 na 2020 inabeba kila kitu inatuletea mjini. Wachimbaji wa ng'ambo wanapenda kuyaacha kule kule, eti hakuna wa kulalamika, na hapo ndipo napenda kugombana na wenzangu kwa sababu kule nako kuna watu wanateka maji ya mto ule, na mmoja wao ni wewe.

Ndio maana tukaweka sheria, na sheria hatukuitoa hewani. Hapa Uganda sheria ya madini ya 2003 haikuwa na leseni ya mtu wa sululu na karai, 2017 wachimbaji wa dhahabu kule Mubende wakaondolewa na wanajeshi kwa maelfu, mpaka 2022 ikapitishwa sheria nyingine inayomtambua mchimbaji mdogo. Hicho kipande tumekichukua kama kilivyo, kwenye hadithi pia wa kwanza kuvuka walikuwa watu wa karai bila karatasi, karatasi ikaja baadaye na mabepari nyuma yake. Leseni yenyewe haiondoi hatari hata moja, usidanganyike, kazi yake ni kusema ikikupata nani atajibu.

Kipande kingine tumekitoa baharini. Madini ya chini ya bahari kuu, nje ya mipaka ya nchi zote, yana mamlaka yake, ofisi iko Kingston, Jamaica, na kampuni haiendi pale yenyewe hivi hivi, lazima kuwe na nchi inaidhamini, hata kisiwa kidogo kama Nauru kimeshadhamini. Tukaona hii ni nzuri, ng'ambo nako ni nje ya mipaka ya kila mtu.

Kwa hiyo pale mlangoni unapimwa kilo, unaulizwa maswali matatu ambayo mama yako tu ndiye anajua majibu, yanafungwa kwenye bahasha mpaka urudi. Kisha fomu. Mstari wa mwisho unataka jina la mdhamini anayeishi upande wa pili, atakayelipa mto ukiharibika. Wengi hawana wanayemjua kule, wanaandika jina lao wenyewe.