Je, Mlima Mrefu Ndio Mkongwe?

Watu wengi huamini kwamba mlima ukizidi urefu umezidi pia umri, kwa kuwa ulipata muda wa kukua. Dhana hiyo inaeleweka, lakini milima ya Amerika Kaskazini inaonyesha vingine. Safu ya Appalachian, upande wa mashariki, ilikunjika mabara yalipogongana, na mgongano wa mwisho ulikoma zaidi ya miaka milioni 250 iliyopita. Tangu hapo mvua na mito vimeimega, hata kilele chake kirefu kuliko vyote, Mlima Mitchell, kina mita 2,037 tu. Safu ya Rocky, iliyoinuka hasa kati ya miaka milioni 80 na 50 iliyopita, hufikia mita 4,401 katika Mlima Elbert.

Hata hivyo, umri wa mlima si umri wa mwamba wake, na hapa hata wasomaji makini hujikwaa: itale (mwamba mgumu uliotokana na mawe yaliyoyeyuka chini ya ardhi) la Pikes Peak, kilele cha Safu ya Rocky huko Colorado, lilipoa takriban miaka bilioni moja iliyopita, zamani sana kabla ya kuinuliwa.

Anayetaka kuhakiki afungue ramani ya jiolojia, ambayo rangi zake huonyesha umri wa miamba, kisha atazame picha za satelaiti: migongo ya Appalachian imelainika na kufunikwa na misitu, ilhali vilele vingi vya Rocky vimechongoka, mwamba ukiwa wazi.