Riba ya fidia ya ajali: ya bima au ya tajiri?

Tuseme mama anayechuuza dagaa Mwaloni, Kirumba, jijini Mwanza, amegongwa na daladala akivuka barabara Buzuruga. Mguu umevunjika, umewekewa chuma. Kesi imesikilizwa na mahakama imempa fidia ya shilingi milioni 20. Daladala ilikuwa na bima ndogo, ile ya mtu wa tatu ambayo sheria inalazimisha. Miezi 18 baada ya hukumu anaitwa na kampuni ya bima akachukue hundi. Anaikuta milioni 20 kamili, bila senti ya ziada.

Hapo kuna pesa yake imebaki. Chini ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, deni la hukumu huzaa riba ya asilimia 7 kwa mwaka, tangu siku hukumu inasomwa hadi deni liishe. Kwa milioni 20 ni shilingi 1,400,000 kwa mwaka, kwa hiyo miezi 18 ni 2,100,000. Mtaji wa dagaa huo, tena mzuri.

Akiuliza, huenda akajibiwa: "Sisi tunalipa fidia tu, riba kamdai tajiri, mwenye gari." Jibu hilo halina miguu. Kifungu cha 10 cha Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, kinaitaka kampuni ya bima kumlipa mdai kiasi kilichotajwa kwenye hukumu, pamoja na gharama za kesi na riba inayotokana na sheria juu ya kiasi hicho. Kampuni ikichelewa, pesa ya mama imekaa kwa kampuni, si kwa tajiri.

Ila haki hiyo ina masharti, na hapa ndipo wengi huteleza. Kampuni lazima ipewe taarifa rasmi ya kesi mapema. Kumpigia simu wakala aliyekata bima hakutoshi. Pia riba ya kabla ya hukumu ni habari nyingine. Hiyo haiji yenyewe: iombwe kwenye hati ya madai, na kwa kawaida hufikiriwa kwa hasara zenye risiti, kama dawa, nauli za kwenda kliniki na chuma cha mguu. Fidia ya maumivu huanza kuzaa riba siku ya hukumu, kwa sababu kabla ya hapo hakuna aliyejua ni shilingi ngapi.

Karatasi ya kuogopa ni ile inayoambatana na hundi, yenye maneno "malipo kamili na ya mwisho". Ukishaitia saini, kudai riba tena ni kupanda mlima. Mwambie ofisa akuandikie hesabu kwa mistari mitatu: fidia, gharama, riba. Akigoma, iache karatasi mezani, nenda kwa wakili au ofisi ya kanda ya TIRA, mamlaka inayosimamia bima, hapa Mwanza ukiwa na nakala ya hukumu, fomu ya polisi ya PF3 na taarifa za bima ya gari lililokugonga.