Bunilizi ya kisayansi ya familia ni filamu ya namna gani?

Ni filamu inayosimulia jambo lisilowahi kutokea, ikalipatia sababu ya kisayansi au inayofanana nayo, kisha ikamwachia mtoto kazi ya kulishughulikia. Hutazamwa na nyumba nzima, bibi hadi mjukuu, bila mtu kukimbilia rimoti kwa haya.

Sababu hiyo ndiyo inayoitenga na hadithi za majini. Chukua mapango ya Amboni, hapa kwetu Tanga. Wapo wanaosimulia kuwa ndani mna njia inayotokea Mombasa. Ukisema mzimu humfikisha mtu huko kwa usiku mmoja, hiyo ni hekaya; msikilizaji hana la kuuliza. Ukisema mtoto wa Kiomoni amekuta, ndani ya miamba ile ya chokaa iliyochimbwa na maji, mtambo ulioachwa na wageni wa sayari nyingine, umeshaingia kwenye bunilizi ya kisayansi, na mtambo lazima uwe na masharti. Unatumia nguvu gani? Ukiharibika je? Hadithi ikivunja masharti yake yenyewe, watoto ndio wa kwanza kulalamika.

Mfano mzuri ni E.T. ya Steven Spielberg, ya mwaka 1982. Kiumbe ameachwa duniani na wenzake, anafichwa na Elliott, mvulana ambaye baba yake ameondoka nyumbani. Wengi hukumbuka baiskeli inayoruka. Mimi hukumbuka zaidi kile chombo cha kuwaita wenzake: mwavuli, bamba la msumeno, mchezo wa kufundishia herufi. Vikorokoro vitupu! Mtoto wa Chumbageni anayeunda gari la waya na visoda atamwelewa mara moja. Halafu kamera hukaa chini, kimo cha mtoto. Sura za watu wazima wengi, ukimtoa mama, hazionekani mpaka filamu imefika mbali.

Filamu ya namna hii huacha pia tumaini, lakini si lazima mambo yote yaishe vizuri. Mgeni anarudi kwao, na baba wa Elliott hajarudi. Katika WALL-E ya 2008, ambayo ni katuni, tumaini la dunia iliyojaa taka ni mche mmoja ndani ya buti kuukuu, nao bado unataka kupandwa na kumwagiliwa. Filamu inayomwokoa mtoto kwa bahati tu dakika ya mwisho, hata ijae vyombo vya angani, mimi siiweki kwenye kundi hili.