Jumba lililoponea chupuchupu kugeuzwa sheli

Mwaka 1940, jumba moja la mawe ya kahawia katika mji wa Portland, jimbo la Maine nchini Marekani, lilibakia kidogo tu livunjwe ili kiwanja chake kijengwe sheli ya mafuta. Lilikuwa limekaa bila mtu tangu mwishoni mwa miaka ya 1920. Mwalimu mstaafu, William Holmes, akalinunua, na mwaka uliofuata yeye na dada yake Clara wakalifungulia umma. Waliliita Victoria Mansion, kwa heshima ya malkia wa Uingereza ambaye hata Marekani yenyewe hakuwahi kuikanyaga.

Lilijengwa kati ya 1858 na 1860 kwa ajili ya Ruggles Sylvester Morse, mzaliwa wa Maine aliyetajirikia kwenye biashara ya hoteli huko New Orleans. Hii ilikuwa nyumba yake ya kupumzikia majira ya joto tu. Hata hivyo ilikuwa na maji ya bomba ya moto na baridi, vyoo vya kuvuta maji, taa za gesi na kengele za kuwaita watumishi. Fedha zilitoka wapi? New Orleans ilikuwa soko kubwa la watumwa, na Morse mwenyewe alimiliki watumwa. Makumbusho yakikuonyesha zulia yakanyamazia hela iliyolinunua, yamekupa nusu ya habari.

Sisi wahifadhi tunalihusudu jumba hili kwa sababu moja: vitu vyake havikutawanyika. Samani zilibuniwa na Gustave Herter, kuta na dari zikachorwa na Giuseppe Guidicini kwa ustadi wa kulaghai macho, hata rangi tupu ukaidhania nakshi za kuchongwa. Morse alipofariki mwaka 1893, mjane wake aliiuza nyumba pamoja na vilivyomo kwa mfanyabiashara J. R. Libby, na familia hiyo haikubadilisha mengi. Ndiyo maana zaidi ya asilimia 90 ya vitu vya mwanzo vingalipo. Makumbusho mengi ya aina hii hulazimika kuokoteza viti na makabati ya nyumba nyingine ili mradi vilingane umri.

Adui wa nje ni maji. Jiwe lililotumika ni la mchanga, laini, lenye vitundu vinavyofyonza unyevu. Baridi ya Maine ikiingia, maji yaliyo ndani yanaganda, yanatanuka na kulipasua jiwe tabaka kwa tabaka. Fundi asiyejua atakimbilia saruji, na hapo ndipo anapoharibu: saruji ni ngumu kuliko jiwe, inaufungia unyevu ndani, na jiwe la pembeni ndilo linalomeguka. Wenzetu wa Lamu na Mji Mkongwe hawahitaji kuelezwa hili. Nyumba ngapi za mawe ya matumbawe zimetokwa na chumvi na kubanduka baada ya plasta ya chokaa kubadilishwa kwa saruji!

Ndani, adui ni mwanga. Hariri, pazia na zulia hupauka kidogo kidogo, na rangi iliyokwisha kupauka hairudi, hata ukimwita fundi gani. Kwa hiyo wageni wanaponung'unika kwamba nyumba za namna hii zina giza, huwa nawaambia wakae dakika tano macho yazoee. Hata enzi za taa za gesi vyumba havikung'aa kama tulivyozoea leo.

Na ukiwa umo humo, tazama vizuri kuta zilizosafishwa. Katika nyumba nyingi za makumbusho utakuta kijisehemu kimeachwa na masizi yake, cheusi, katikati ya mchoro unaong'aa. Usidhani mafundi wamekisahau. Kimeachwa makusudi, ili atakayekuja baada yetu na dawa bora kuliko zetu apate pa kupimia.