Nyumba ya marehemu babu na deni la matunzo: nani anaweza kuweka pingamizi?

Kila Wiki ya Sheria, mabanda ya msaada wa kisheria hupokea swali lile lile. Dalali wa mahakama amebandika tangazo ukutani. Nyumba inauzwa kwa sababu mmoja wa familia hajalipa matunzo ya watoto aliozaa na mtalaka wake, na ndugu wanasema: "Hii ni nyumba ya urithi, haiguswi." Wengi huja kwa nia njema kabisa. Lakini jibu linategemea jambo ambalo mara nyingi hawajaliangalia: siku nyumba ilipokamatwa, ilikuwa mali ya nani?

Kama ni ya mdaiwa mwenyewe na yuko hai, hakuna urithi hapo. Mtu aliye hai ana mali, hana mirathi. Mwanawe wa ndoa ya pili hawezi kuiomba mahakama ilinde fungu analotarajia kulipata baba akifa. Jambo hili limeelezwa mara nyingi mno, na bado viapo vinaletwa vimeandikwa "mimi ni mrithi halali" huku baba mwenyewe ameketi kwenye benchi la nje. Mke ana hoja tofauti, kwa kuwa yeye hadai urithi bali maslahi yake katika mali ya ndoa. Vilevile Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai imeikinga nyumba ya makazi anamoishi mdaiwa, mkewe na watoto wanaomtegemea. Fremu za maduka alizopangisha haziingii humo kwa sababu tu ni za kwake.

Ikiwa nyumba ni ya babu aliyefariki na mirathi yake haijagawanywa, mambo yanabadilika. Hapo mwenye mamlaka ya kuitetea ni msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama. Si kaka mkubwa, si shangazi anayeshika funguo, wala si mwenyekiti wa ukoo. Kikao cha ukoo hupendekeza jina, hakiteui. Familia nyingi zimekaa miaka na miaka bila kufungua mirathi, kisha dalali akija zinaleta risiti za LUKU kwa kuwa tangu 2021 kodi ya jengo hukatwa humo. Risiti hiyo inaonyesha umeme umenunuliwa. Haithibitishi umiliki. Chukueni cheti cha kifo RITA, andaeni muhtasari wa kikao, mfungue maombi ya usimamizi mahakamani sasa, wakati bado hakuna anayewadai. Na mjue kwamba mirathi ikishagawanywa, fungu la mdaiwa linakuwa mali yake na linaweza kukamatwa.

Mdaiwa naye akifariki, deni halizikwi pamoja naye. Chini ya Sheria ya Ndoa ya 1971, malimbikizo ya matunzo yaliyokuwa yamefikia kulipwa kabla ya kifo ni deni la mirathi yake. Msimamizi hulipa gharama za mazishi, za usimamizi, na madeni. Warithi hugawana kinachobaki. Inauma kusikia watoto wanaodai matunzo wakiitwa "watu wa nje" na shangazi zao. Ni damu ya nyumba hiyo hiyo, na fedha zinazodaiwa ni chakula chao na sare zao za shule.

Pingamizi lenyewe hufunguliwa chini ya Amri ya 21 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, katika mahakama iliyoamuru mali ikamatwe. Maombi huambatana na kiapo, na huwaunganisha mshinda tuzo (aliyeshinda kesi na anayedai, hapa mtalaka) na mdaiwa kwa pamoja. Mahakama huchunguza ni nani aliyekuwa na maslahi katika mali au aliyekuwa anaishikilia siku ilipokamatwa, na kwa niaba ya nani. Inaweza kuahirisha mnada, lakini ikiona mmechelewa kwa makusudi, inaruhusiwa kukataa kuchunguza madai yenu. Bila ridhaa ya mdaiwa kwa maandishi, mali isiyohamishika haiuzwi kabla ya siku 30 kupita tangu tangazo libandikwe. Siku hizo ni za kufungua maombi, si za kuitisha vikao. Mahakama za Mwanzo zina kanuni zake. Muulizeni karani mapema.

Msitengeneze hati ya zawadi yenye tarehe ya nyuma. Kughushi wosia au hati ya umiliki wa ardhi adhabu yake inaweza kufika kifungo cha maisha, na kusema uongo chini ya kiapo ni hadi miaka 7. Mdaiwa mwenyewe anaweza kupelekwa kifungo cha madai, yaani kufungwa kwa kutolipa deni, kisichozidi miezi 6, na akitoka deni linamsubiri.

Mkishindwa katika pingamizi, msikimbilie rufaa. Upande ulioshindwa, uwe wenu au wa mtalaka, hufungua shauri jipya la madai kuthibitisha haki yake juu ya mali hiyo. Usipofanya hivyo, uamuzi wa pingamizi unabaki kuwa wa mwisho.