Jiwe la Superman Lilivyochorongwa Serbia

Desemba 2004, wajiolojia wa kampuni ya uchimbaji madini ya Rio Tinto walikuwa wakichoronga bonde la mto Jadar, magharibi mwa Serbia, karibu na mji wa Loznica. Katika vipande vya mwamba vilivyotoka ardhini walikuta kitu cheupe, kama chokaa iliyoganda, ambacho hakikulingana na madini yoyote yaliyojulikana. Sampuli zikapelekwa London, kwenye Makumbusho ya Historia ya Asili, zikaishia mikononi mwa mtaalamu wa madini Chris Stanley.

Kuzitambua kulikuwa na ugumu wake. Fuwele zilikuwa ndogo mno. Isitoshe, zilibeba lithiamu, elementi nyepesi kiasi kwamba chombo tunachotumia kila siku kupima kemia ya madini kwa miale ya elektroni hakiioni. Wataalamu wa Baraza la Taifa la Utafiti la Kanada ndio waliosaidia kujua atomi zimejipangaje, kwa kutumia eksirei. Jibu likawa hili: sodiamu, lithiamu, boroni na silikoni, zikiwa zimefungamana na oksijeni na hidrojeni.

Stanley alipoitafuta fomula hiyo kwenye intaneti, aone kama kuna aliyemtangulia, akakutana na Superman.

Kwa msomaji ambaye hakukulia na katuni za Kimarekani: Superman ni shujaa wa kubuni aliyezaliwa kwenye sayari iitwayo Krypton. Hapigiki wala hachomeki, ila akisogezewa kipande cha mwamba wa sayari hiyo, kriptonaiti, nguvu zote humwishia. Jiwe hilo lilianza kutajwa katika mchezo wa redio mwaka 1943, likaingia kwenye vitabu vya katuni mwaka 1949. Watunzi wamelipa rangi nyingi na miujiza mingi, lakini linalojulikana zaidi ni la kijani linalong'aa. Katika filamu ya Superman Returns ya mwaka 2006, adui yake Lex Luthor analiiba kutoka makumbusho, na kwenye sanduku lake imeandikwa kwamba ni silikati (silikoni na oksijeni) ya sodiamu, lithiamu na boroni yenye hidroksidi (oksijeni na hidrojeni), pamoja na florini. Ondoa florini, fomula ni ile ya Serbia.

Aliyebuni kibandiko kile alibahatisha vizuri kuliko wengi wanaoniletea mawe.

Habari ilipotangazwa Aprili 2007, magazeti ya dunia yakaandika kwamba kriptonaiti imepatikana. Wenzangu wa London hawakukasirika, na mimi nisingekasirika. Ni mara chache elimu ya madini hupata ukurasa wa mbele. Lakini jiwe lenyewe ni jeupe, halina florini, na halitoi mionzi ya nyuklia. Muujiza wake mmoja ni kwamba ukilimulika kwa taa ya urujuanimno gizani, linawaka rangi ya waridi yenye uchungwa kidogo. Hata hilo si la ajabu sana, maana madini mengi hufanya hivyo. Na jina la kriptonaiti lisingefaa, kwa sababu kriptoni ni gesi halisi, iliyogunduliwa mwaka 1898 na William Ramsay na Morris Travers, nayo haimo kabisa katika jiwe hili. Likaitwa jadaraiti, kwa jina la bonde lake.

Hapa ndipo ninapotaka tuelewane, maana swali hili hunifikia mara kwa mara: "Mtaalamu, kipimo kimeonyesha jiwe langu lina elementi hizi na hizi, basi si ndilo lile?" Hapana. Orodha ya elementi haitoshi. Kinywe (grafiti) cha Mahenge na almasi ya Mwadui vyote ni kaboni. Kinywe unakikwangua kwa ukucha, na almasi inakata kioo. Kinachovitenganisha ni mpangilio wa atomi. Kwa hiyo kibandiko cha filamu, hata kingekuwa na fomula sahihi kwa asilimia mia, bado kingekuwa hakijataja madini yoyote. Ndiyo maana kazi ile ya eksirei kule Kanada ilikuwa ya lazima.

Madini mapya huamuliwa na tume ya Shirikisho la Kimataifa la Sayansi ya Madini, IMA, inayopiga kura baada ya kupokea kemia, mpangilio wa fuwele na sifa nyingine. Sampuli ya rejea lazima ihifadhiwe makumbusho, ili anayebisha akaipime mwenyewe. Madini yaliyokwisha kukubaliwa yamepita 6,000. Tanzanaiti tunayojivunia haimo kama madini ya peke yake: ni aina ya madini yaitwayo zoisaiti, yenye elementi ya vanadi, na jina lake ni la kibiashara, lililotolewa na kampuni ya Tiffany mwaka 1968. Hilo haliipunguzii thamani hata senti.

Lakini tunayo nyerereaiti, iliyopewa jina la Mwalimu Nyerere, na mimi nikitakiwa kuchagua jiwe la hadithi ningelichagua hilo. Linatoka Oldoinyo Lengai, mlima ambao Wamaasai huuita Mlima wa Mungu, volkano pekee duniani inayojulikana kutoa lava ya kabonati za sodiamu katika zama zetu. Lava hiyo hutoka ikiwa na nyuzijoto kama 500 hadi 600 tu za Selsiasi, karibu nusu ya joto la lava za kawaida, nayo hutiririka kwa wepesi wa ajabu. Ikipoa huwa nyeusi au kahawia. Kisha unyevu wa hewa huanza kuila nyerereaiti, na baada ya muda mfupi mwamba unageuka mweupe. Ukiacha sampuli yake wazi mezani, huna sampuli tena.

Jadaraiti nayo ina nguvu, ila ni ya lithiamu, inayotakiwa kwa betri za magari ya umeme. Kwa ajili hiyo Rio Tinto ilitaka kufungua mgodi Jadar, na wananchi wa Serbia, wakihofia maji na mashamba yao, waliandamana hadi serikali ikafuta vibali vya mgodi Januari 2022. Julai 2024 mahakama ya katiba ikasema ufutaji ule ulikiuka katiba, serikali ikaurudisha mradi, na mwezi uliofuata maelfu wakajaa tena mitaa ya Belgrade.

Sasa kwa wewe uliyeokota jiwe geni. Chukua kipande kilichovunjwa upya, ukubwa wa ngumi unatosha. Usikioshe kwa asidi wala kukichoma moto. Andika mahali ulipokitoa, kwa vipimo vya GPS kama simu yako inaweza. Kwa Tanzania, Taasisi ya Jiolojia na Utafiti wa Madini, GST, iliyoko Dodoma, ina maabara ya kukipima. Kuchimba ni habari nyingine: kunahitaji leseni, hata kama shamba ni lako. Na mtu akikutajia bei ya mamilioni kwa kuangalia picha ya simu, au akikuambia jiwe lako linavuta mchele, linazima taa au linaongeza fedha, muulize cheti cha maabara kiko wapi kabla hujampa hata nauli.