Rufaa katika kesi ya kumiliki silaha kinyume cha sheria: maana yake

Rufaa ni ombi la mtu aliyetiwa hatiani kwamba mahakama ya juu iipitie hukumu na kuamua kama ilifikiwa kihalali. Si kesi mpya. Mashahidi kwa kawaida hawaitwi tena. Majaji wanasoma mwenendo wa kesi, yaani kumbukumbu zilizoandikwa katika mahakama ya chini, wanaangalia vielelezo (vitu na nyaraka za ushahidi) vilivyopokelewa, kisha wanazisikiliza pande mbili: mrufani, na Jamhuri ambayo ndiyo mjibu rufaa.

Kwa Tanzania, silaha zinasimamiwa na Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya 2015. Lakini mashtaka mengi ya kukutwa na bunduki au risasi bila leseni hufunguliwa pia chini ya Sheria ya Uhujumu Uchumi, na hapo mambo hubadilika. Tangu marekebisho ya 2016, makosa mengi ya kundi hilo yana kifungo kisichopungua miaka 20. Mwanakijiji aliyekutwa na gobore jirani na hifadhi anaweza kuingia gerezani kijana na kutoka mtu mzima. Ndiyo maana rufaa hizi nazichukulia kwa uzito mkubwa.

Kesi ya uhujumu uchumi haiwezi kuanza kusikilizwa bila ridhaa ya Mkurugenzi wa Mashtaka. Ikisikilizwa na mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi, inatakiwa pia hati ya kuipa mahakama hiyo mamlaka, kwa kuwa makosa hayo kwa asili ni ya Mahakama Kuu. Hati moja ikikosekana, au ikitaja vifungu visivyolingana na vya mashtaka, mwenendo wote unaweza kutangazwa batili, hata kama mashahidi kumi walisema waliiona bunduki. Wapo wanaoliita hilo ujanja wa mawakili. Siafikiani nao: mahakama isiyo na mamlaka haina hukumu ya kutoa.

Sababu nyingine inayojirudia ni safari ya kielelezo. Nani aliikamata bunduki, alijaza hati ya ukamataji mbele ya shahidi huru, nani aliipokea kituoni, nani aliipeleka kwa mtaalamu wa silaha, ikarudi mikononi mwa nani? Mahakama ya Rufani imeeleza kwamba ukali wa hoja hii hupungua kwa kitu kisichobadilishwa kwa urahisi, kwa hiyo bunduki yenye namba iliyotajwa tangu siku ya kukamatwa haiponzwi na kila pengo dogo. Gobore la kienyeji lisilo na namba wala alama ni habari nyingine.

Kuna pia nyaraka ambazo hazikusomwa kwa sauti baada ya kupokelewa. Mshtakiwa ana haki ya kujua kilichoandikwa humo ili ajitetee. Hati isiyosomwa huondolewa kwenye kumbukumbu, kisha majaji huangalia kama ushahidi wa mdomo uliobaki unatosha. Mara nyingine unatosha, na rufaa inatupwa.

Muda ni mfupi. Kwenda Mahakama Kuu, notisi hutolewa ndani ya siku 10 na sababu za rufaa ndani ya siku 45, bila kuhesabu muda wa kusubiri nakala za mwenendo na hukumu. Mfungwa asiye na wakili anaweza kuziwasilisha kupitia kwa mkuu wa gereza. Rufaa hii ya kwanza hupima upya ushahidi wote. Ile ya pili, Mahakama ya Rufani, hujikita kwenye hoja za sheria.

Mwenendo ukibatilishwa, mrufani haachiwi papo hapo kila mara. Majaji huweza kuamuru kesi isikilizwe upya. Hata hivyo, tangu uamuzi wa 1966 wa Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, amri hiyo haitolewi ili upande wa mashtaka upate nafasi ya kuziba mapengo ya ushahidi wake. Ushahidi ukiwa dhaifu tangu mwanzo, hukumu inatenguliwa na mtu anaachiwa, isipokuwa awe anashikiliwa kwa jambo jingine halali.